Mbu wa Sinema na Vijana wa Idete

Katika maandishi ya mabwana wa sinema wa zama za ukoloni kimo kisa kimoja kilichorudiwa mara nyingi hata kikapata heshima ya ushahidi. Yasemwa kwamba wanakijiji fulani wa Afrika walionyeshwa filamu ya kuwafunza habari za malaria, na katika filamu ile mbu alikuzwa hata akajaza kitambaa chote cheupe. Picha zilipokwisha, wazee walishukuru kwa adabu, kisha wakasema kuwa wageni wana haki ya kuogopa mbu, kwa sababu mbu wa kwao ni wakubwa mno. Wa hapa ni wadogo, hawawezi kumdhuru mtu. Kisa hiki mara huwekwa katika nchi hii, mara katika nchi ile. Mara mdudu ni mbu, mara ni nzi, mara ni chawa. Kijiji hakitajwi. Mzee aliyesema hatajwi. Mwanafunzi wa mwaka wa kwanza akileta hadithi ya namna hii katika mkusanyiko wake wa fasihi simulizi, bila jina la msimulizi wala mahali iliposimuliwa, atarudishiwa kazi yake akaifanye upya. Lakini juu ya hadithi hii, na nyingine za ukoo wake, ilijengwa sera nzima ya sinema.

Mjenzi mkuu wa sera hiyo alikuwa William Sellers, afisa wa afya aliyeanza kuonyesha filamu huko Nigeria, kisha akaongoza idara ya filamu za makoloni iliyoundwa London mwaka 1939. Fundisho lake lilikuwa fupi: akili ya Mwafrika wa shamba haiwezi kufuata hila za kamera. Kwa hiyo picha ziende polepole. Kitu kisikuzwe ghafula. Mtu asitoweke hapa akatokea pale. Hila zote ziachwe. Kabla ya idara hiyo, kati ya mwaka 1935 na 1937, jaribio jingine la sinema lilikuwa limekwisha kufanywa papa hapa Tanganyika, huko Vugiri katika milima ya Usambara. Filamu fupi 35 zilitengenezwa za kufunza kilimo, afya, kodi na kuweka akiba, zikazungushwa Afrika ya Mashariki na ya Kati. Waafrika waliigiza katika filamu zile, na wengine walifunzwa baadhi ya kazi za nyuma ya kamera. Walakini uamuzi wa nini kionekane, na kionekane namna gani, haukuwa wao.

Sasa na itazamwe Idete, mahali ambapo kisa cha mbu mkubwa kingepaswa kupimwa kabla ya kuaminiwa. Idete ni kijiji cha bonde la Kilombero, upande wa Ifakara. Nchi ya mpunga na mafuriko, ambako watu huhamia mashambani majira ya kilimo na kulala katika madungu. Wengi hukijua kijiji hicho kwa gereza lake. Wataalamu wa dunia hukijua kwa mbu wake. Waswisi walianza utafiti wa maradhi ya nchi za joto Ifakara zaidi ya miaka 70 iliyopita, na kazi yao ndiyo iliyozaa taasisi ya afya iliyopo leo. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 watoto 586 wa Idete, wenye umri wa mwaka mmoja hadi mitano, waliingia katika jaribio la chanjo ya malaria iitwayo SPf66, iliyobuniwa Kolombia na Manuel Patarroyo. Matokeo yalitolewa mwaka 1994: chanjo ilionekana kupunguza homa za malaria kwa kadiri ya asilimia 31. Majaribio yaliyofanywa baadaye kwingineko hayakuthibitisha faida hiyo, na chanjo ile ikaachwa.

Maana ya habari hizi ni kwamba mama wa Idete alikwisha kuishi ndani ya jaribio la kisayansi, akaulizwa idhini yake, akaona mwanawe akitolewa damu, akangoja majibu, tena akasikia kuwa majibu ya mahali pamoja hayatoshi. Jirani zake walikaa usiku kucha wakinasa mbu na kuwahesabu. Je, mtu wa namna hii ndiye asiyeweza kutambua kuwa mbu wa sinema amekuzwa? Angeulizwa, yamkini angetaka kujua ni mbu wa aina gani, maana katika bonde lile si mbu wote wenye kazi moja.

Mabwana wale wamekwenda zao. Fundisho lao limebaki. Limehama tu kutoka kwa mtazamaji na kumwandama mtengenezaji. Zamani ilisemwa kuwa mtu wa shamba hawezi kuelewa hila za picha. Leo husemwa kuwa hana haja ya kuzifanya. Kijana wa Kilombero akisema kwamba ataka kuwa fundi wa efekti, yaani mtu atiaye katika filamu mambo ambayo kamera haikuyaona, moto usiounguza, mafuriko yasiyolowesha, mnyama asiyepata kuzaliwa, hujibiwa kwa njia mbili, na majibu yote mawili hutoka vinywani mwa watu waliosoma. Jibu la kwanza ni kicheko: hayo ni mazingaombwe, si sanaa, tena si kazi ya mtoto wa mkulima. Jibu la pili ni tamu na kwa hiyo ni baya zaidi: jifunze kompyuta, siku moja Hollywood itakuita. Majibu haya hujifanya maadui, lakini yamelala kitanda kimoja. Yote mawili yakubali kwamba ufundi huu una wenyewe, na wenyewe hawakai Idete.

Ni vema kuanza na mazingaombwe. Mfanya mazingaombwe hulipwa kwa kuficha. Siku watu watakapoijua njia yake, soko lake limekwisha. Fundi wa efekti hana siri ya namna hiyo. Mtu anayelipa kiingilio katika kibanda umiza cha Ifakara ajua, kabla ya taa kuzimwa, kwamba nyumba haikulipuka na mwigizaji hakufa. Hakudanganywa, amenunua kitu alichokitaka kwa bei aliyoikubali. Na ajabu ni kwamba wanaoita jambo hili uongo ni walewale wanaofundisha, asubuhi ya siku hiyohiyo, ngano ambamo sungura husema na fisi akajibu, na ambamo binti huolewa na nyoka bila ndugu zake kugutuka. Hakuna mhadhiri aliyepata kumshitaki bibi msimulizi kwa kusema uongo juu ya sungura.

Wasemao hivyo, zaidi ya hayo, hawajapata kuiangalia kazi yenyewe ikifanywa. Filamu ya kawaida huenda kwa picha 24 kila sekunde. Mwigizaji akirushwa hewani kwa waya kwa muda wa sekunde kumi, ziko picha 240, na katika kila moja waya uondolewe na mahali pake pajazwe anga ile ile iliyokuwa nyuma yake. Mtu akihamishwa kutoka chumbani kwenda juu ya mlima, ukingo wa umbo lake ufuatishwe picha kwa picha, nywele kwa nywele; kisha mwanga wa uso wake ulinganishwe na jua la mlimani, na kivuli chake kilale upande ambao vivuli vingine vimelalia. Kazi hii ikiwa njema haionekani, kama mshono wa ndani wa kanzu, ikionekana, imeharibika. Ni ufundi wenye uanagenzi mrefu, mgongo wenye kuuma na macho yenye kuchoka. Mwenye kuuita mchezo na akae mbele ya mashine juma moja akaondoe waya.

Tena kuna jambo ambalo hata watetezi wa ufundi huu hulisahau. Kompyuta huweza kukokotoa mwendo wa maji, lakini haijui kama maji yale yamefanana na maji. Hilo huamuliwa na jicho, na jicho hufunzwa na kuona. Fundi aliyekulia katika mji wa mawe na lami, akitakiwa kutengeneza mafuriko, hutengeneza ukuta wa maji unaokuja ukinguruma, kwa kuwa ndiyo mafuriko aliyoyaona katika filamu za watu wengine. Mtoto wa Idete ajua kuwa mafuriko ya bonde hayaji kwa kishindo. Maji huingia usiku kimyakimya, hupanda baina ya mashina ya mpunga, hugeuka rangi kabla ya kugeuka kina. Takataka husimama mahali pamoja, kisha huanza kuzunguka. Kuku hupanda juu ya kinu. Asubuhi njia haipo, na mtu mwenye mtumbwi amekuwa mtu mkubwa. Ajua pia jinsi sheshe anavyoinua shingo katika nyasi ndefu kabla ya kukimbia, mnyama ambaye bonde la Kilombero lilikuwa moja ya makao yake makubwa kabisa duniani na ambaye sasa amepungua mno. Siku sheshe atakapotakiwa katika filamu kwa kuwa hakuna tena wa kupigwa picha, ni nani atakayejua atembee vipi? Elimu hii haifundishwi London. Imelala Kilombero bure, haihesabiwi kuwa elimu.

Hapa yafaa kutaja jambo dogo linalochekesha na kusikitisha pamoja. Ufundi wenyewe tayari umefika mashambani, haukungoja ruhusa ya chuo. Wapiga video za harusi na kipaimara wanao, na wapiga video za kwaya wanao zaidi. Kwaya husimamishwa mbele ya kitambaa cha kijani, na katika kanda iliyokwisha hutokea ikiimba katika bustani ya Ulaya yenye majani yaliyokatwa sawasawa, au mbele ya maporomoko ya maji ya Amerika. Lakini nyuma ya waimbaji wa Kilombero, kamera ingegeuzwa kidogo tu, imesimama milima ya Udzungwa, na ndani yake maporomoko ya Sanje yenye urefu wa mita 170. Fundi yule ana mkono mwepesi. Hakuambiwa na mtu yeyote mwenye elimu kwamba kilicho nyuma ya mgongo wake kinastahili kuwa picha. Kosa hilo si lake peke yake. Wahakiki waliopaswa kumwambia walikuwa wakiandika makala ya hamsini na mbili juu ya riwaya ileile.

Na kama ni fasihi inayotafutwa, basi hakuna fasihi inayouhitaji ufundi huu kuliko ya Kiswahili. Mwaka 1969 Ebrahim Hussein alitoa tamthilia ya Kinjeketile. Katika mapokeo ya Vita vya Maji Maji, Kinjikitile wa Ngarambe aliingia katika maji ya kina akatoweka, ndugu zake wakamkatia tamaa, kisha akatoka nguo zake zikiwa kavu. Jukwaani jambo hilo hutegemea ulimi wa mwigizaji na ukarimu wa mtazamaji, na Hussein alijua namna ya kuutumia ukarimu huo. Sinema yaweza kulionyesha. Yaweza kuonyesha kitambaa kikitoka majini bila tone, na nyuso za waliokuwa ukingoni. Yaweza pia kuonyesha jinsi Wapogoro na Wambunga walivyoikabili boma ya Mahenge mwezi wa Agosti 1905 wakiamini kuwa risasi zitakuwa maji, na risasi zikabaki risasi. Mahenge iko ng'ambo ya mto Kilombero tu. Mjukuu wa watu waliokufa pale akitaka kuunda, kwa kompyuta, sekunde moja ambayo risasi haijaamua itakuwa nini, ataambiwa na nani kwamba hayo ni mazingaombwe? Waliojaribu mambo ya namna hii katika filamu za Dar es Salaam za mwanzo wa miaka ya 2000, kama Mussa Banzi katika Nsyuka, walichekwa kwa udhaifu wa mizimwi yao. Udhaifu ulikuwepo. Lakini walio wengi katika wachekaji hawakuwa wametengeneza hata kivuli cha mzimwi.

Sasa jibu la pili, lile tamu. Hakuna awezaye kukana kwamba filamu kubwa za Marekani zimeupandisha ufundi huu mahali pa juu sana. Swali ni mafundi wenyewe hupata nini. Mwaka 2012 ilitoka Life of Pi, filamu ambayo simba marara wake, kwa sehemu iliyo kubwa, alikuwa kazi ya kompyuta ya kampuni ya Rhythm & Hues ya California. Tarehe 11 Februari 2013 kampuni hiyo ilitangaza kufilisika. Siku 13 baadaye filamu hiyo ilipata tuzo ya Oscar ya efekti. Nje ya ukumbi walisimama mamia ya mafundi wakipinga hali ya kazi yao. Ndani, kiongozi wa mafundi Bill Westenhofer alipoanza kutaja shida ya kampuni yake, muziki ulipandishwa na sauti yake ikakatwa.

Chanzo cha ajali hii si uvivu wa mafundi wala ujinga wa mahesabu. Kampuni za efekti hushindania kazi kwa bei iliyofungwa kabla haijaanza. Mwongozaji akibadili nia mara kumi, kazi hurudiwa mara kumi, na gharama humwangukia fundi. Tena serikali za London, Vancouver na Montreal hurudisha sehemu ya fedha kwa filamu zinazofanyiwa kazi kwao, kwa hiyo kazi huhama kila msaada unapohama, na fundi huifuata na sanduku lake kama mchungaji wa ng'ombe wa mtu mwingine. Kazi ya chini, kama ile ya kufuatisha kingo, hupelekwa India kwa ujira mdogo. Na sasa mashine za akili mnemba zimeanza kuimeza hata hiyo, nayo ndiyo ngazi ya kwanza ambayo mwanagenzi alikanyaga ili kupanda. Huu ndio mlango ambao kijana wa Idete huambiwa augonge, nao watu wanatokea dirishani.

Mfano wa pili umegusa lugha yenyewe. Mwaka 2019 ilitoka The Lion King mpya. Mwongozaji wake, Jon Favreau, alieleza kwamba picha moja tu katika filamu yote, ile ya mapambazuko ya mwanzo, ndiyo iliyopigwa kwa kamera katika nchi halisi. Nyingine zote ni kazi ya kompyuta iliyofanywa na kampuni ya MPC, baada ya wasanii kwenda Kenya kutazama wanyama na nchi. Basi mbuga za Afrika ya Mashariki zilibebwa kwa macho, zikajengwa upya ng'ambo, jani kwa jani. Filamu ilikusanya zaidi ya dola bilioni 1.6. Wanyama waliitwa Simba, Rafiki na Pumbaa, na maneno hakuna matata yalikuwa yameandikishwa Marekani tangu mwaka 2003 kuwa alama ya biashara ya nguo ya Disney, jambo lililowashitua Waswahili wengi walipolisikia mwaka 2018. Desemba 2024 ikafuata Mufasa, iliyofanyiwa kazi na MPC hiyohiyo. Februari 2025 kampuni mama ya MPC, Technicolor, ilianguka, na mafundi waliokuwa wamewapa simba pumzi wakaambiwa waende nyumbani. Filamu yao ilikuwa haijamaliza hata robo ya mwaka tangu kutoka.

Msomaji asidhani kuwa huku ni kuwazuia vijana kusafiri. Mwenye nafasi na aende. Wapo waliokwenda, nao hawana hatia ya kutafuta riziki. Kinachopingwa ni ndoto kuuzwa kama sera. Maafisa na washauri husimama mbele ya vijana wakisema neno ajira, na kisha huelekeza kidole baharini. Wangesema ukweli, wangesema hivi: soko mnaloonyeshwa hununua mikono kwa bei ya chini kabisa, huiacha bila taarifa, na halina haja na mafuriko ya Idete isipokuwa kama mandhari ya simba wa watu wengine.

Kipo kielelezo kingine, na hakiko mbali. Katika Wakaliga, mtaa wa maskini wa Kampala, Isaac Nabwana, aliyewahi kufyatua matofali, alianzisha kampuni ya Ramon mwaka 2005, akaipa jina kutokana na majina ya bibi zake wawili, Rachael na Monica. Kompyuta zake aliziunda mwenyewe kwa vipuri. Mwaka 2010 alitoa Who Killed Captain Alex?, filamu ya vita iliyosemwa kuwa gharama yake haikufika dola 200. Helikopta zilizopiga Kampala katika filamu ile, moto wa bunduki, majengo yaliyolipuka, vyote alivitia mwenyewe. Na fundi wa vyuma Dauda Bisaso aliunda bunduki za vyuma chakavu. Waigizaji waliziuza nakala nyumba kwa nyumba wamevaa mavazi yao ya filamu. Mwaka 2019 filamu yake nyingine, Crazy World, ilionyeshwa katika tamasha la Toronto, na mwaka 2022 kundi lake likaalikwa katika maonyesho makubwa ya sanaa ya Kassel, Ujerumani.

Watazamaji wa ng'ambo wengi humcheka Nabwana, na katika kicheko chao mna sauti ya Sellers. Hudhani kwamba hakujua kuwa helikopta yake haifanani na helikopta. Alijua. Watu wa Wakaliga walicheka pia, lakini walicheka kama watu wanaoona mji wao wenyewe umepewa ukubwa wa kupigwa mabomu na sinema, kama New York. Na juu ya picha alikaa mfafanuzi, VJ Emmie, akitania na kusifu, kama alivyofanya Lufufu kwa Kiswahili katika video za Dar es Salaam. Hapo efekti ilikuwa imepata wasikilizaji wake, lugha yake na utani wake. Hicho ndicho kitu ambacho dola bilioni haziwezi kukinunua, na ambacho chuo kikuu kingeweza kukisaidia kwa fedha kidogo mno.

Wala Nabwana hayuko peke yake. Andrew Kaggia wa Kenya alitoa Wageuzi mwaka 2011, filamu fupi ambamo wanasiasa wa Kenya waligeuka mashine zenye kupigana. Jina lake la Kiswahili lilieleweka na kila aliyeliona. Kundi la Ubongo la Dar es Salaam limefundisha watoto hesabu kwa katuni za Kiswahili tangu mwaka 2014. Raymond Malinga wa Kampala na Ng'endo Mukii wa Kenya walikuwa miongoni mwa waongozaji wa Kizazi Moto mwaka 2023, filamu fupi zilizolipiwa na Disney. Na safari hii, angalau, jina la Kiswahili lilifuatana na watu wa nchi zinazosema Kiswahili. Hawa wote walifika walipofika bila idara yoyote ya Kiswahili kuwatazama.

Idara hizo zina udhuru wao unaojulikana. Husema kwamba filamu si fasihi, na kwamba istilahi hazipo. Kuhusu fasihi, tamthilia nayo ilikuwa ngeni wakati mmoja, na leo hutahiniwa pamoja na riwaya na ushairi katika kila shule ya sekondari. Kuhusu istilahi, udhuru huo ni wa aibu, kwa kuwa kuzipata ndiyo kazi yao. Baraza la Kiswahili la Taifa lipo tangu mwaka 1967. Mafundi hawakulingoja, husema efekti, husema kurenda, na neno lililotafsiriwa mezani, athari za kuona, hulisikia kama jina la ugonjwa wa macho. Yafaa wanaisimu waende wakae na wapiga video za kwaya wa Ifakara mwezi mmoja, waandike maneno yanayotumika, wayapange, wayarudishe kwa wenyewe yakiwa kamusi. Na mwanafunzi wa shahada akileta dakika kumi za Kinjikitile akitoka majini, pamoja na maelezo ya kitaalamu ya jinsi alivyozifanya na kwa nini, kazi hiyo ipimwe kama tasnifu.

Watasema umeme hautoshi na vyombo ni ghali. Mitambo ya Kihansi, iliyo katika nchi hiyohiyo ya Kilombero, ina uwezo wa megawati 180 tangu mwaka 2000, na umeme huo huvuka bonde kwenda kuwasha miji. Chumba kimoja chenye baridi, mashine nne na diski za kuhifadhia kazi hakitazima taa za Dar es Salaam. Diski hasa ndizo zinazosahauliwa. Georges Méliès, Mfaransa aliyevumbua nusu ya hila za sinema kabla ya mwaka 1905, aliteketeza filamu zake mwenyewe mwaka 1923 kwa kukosa mahali pa kuziweka na mtu wa kuzitaka, akamalizia miaka yake ya kazi akiuza vitu vya kuchezea watoto katika stesheni ya Montparnasse. Ufaransa iliujutia uzembe huo karne nzima, na bado yatafuta vipande.

Afrika ya Mashariki imekwisha kuanza hasara yake. Kompyuta ya Nabwana haikuwa na nafasi ya kubeba kazi mbili. Filamu ikiisha ilibidi ifutwe ili nyingine ifanywe. Nakala ya kwanza ya Who Killed Captain Alex?, isiyokuwa na sauti ya mfafanuzi juu yake, haipo tena. Iliyobaki duniani ni ile yenye maneno ya VJ Emmie.